Mchezo wa Matunda Uliokataa Kufunguka

Nilipopata kiharusi, daktari aliniuliza majina ya watoto wangu apate kujua kama kichwa kimepona. Nikamtajia watoto saba, walio hai na waliotangulia. Nikamtajia wajukuu, nikaingia kwa wakunga walionizalisha, nikamtajia na mbuzi wawili niliokuwa nao wakati ule. Alipoinua mkono kunizuia nilikuwa nimeshafika kwa karani wa kwanza kupima kahawa yetu pale Igamba, mimi nikiwa msichana. Akaandika kwamba kichwa ni kizima. Majina yote hayo ninayo mpaka leo, ila humu sitaandika hata moja. Wanaohusika wako hai, na mmoja wao nimeshamkosea mara moja, inatosha.

Kilichoharibika ni mkono wa kulia. Ulikuwa unaning'inia kama mkono wa shati lililoanikwa. Mwanangu wa kwanza, ambaye ni dereva wa malori ya kwenda Zambia, akanitoa Igamba akanileta kwake Chapwa, hapa Tunduma, nikae karibu na hospitali. Kahawa niliiacha ikiwa bado punje ndogo za kijani. Nilimwambia siku ileile, mbele ya mke wake, kwamba mvua zikikatika kahawa ikaanza kuiva, nataka kuwa shambani kwangu. Akaniuliza nitachuma na nini. Tukapatana hivi: mkono ukiweza kuchuma, atanipeleka mwenyewe. Usipoweza, nabaki Chapwa, shamba litachumwa na vibarua.

Asiyelima kahawa hataona uzito wa neno hilo. Kibarua analipwa kwa debe, na debe halijui mbivu wala mbichi. Anashika tawi anavuta, mbivu, mbichi na majani vinakuja pamoja, na tawi linabaki limechubuka. Mwaka unaofuata mti huo unakununia. Miti ile niliipanda na mume wangu kabla sijazaa mtoto wa pili. Nilikuwa tayari kufanya zoezi lolote.

Mtaalamu wa mazoezi alinipa mpira mdogo wa kuminya. Akasema vidole visipofanya kazi kila siku vinasahau, na vikisahau mara ya pili havifundishiki kwa urahisi. Nikaminya. Lakini mpira ni kitu cha kijinga sana. Unauminya, unarudi ulivyokuwa, na wewe unarudi ulivyokuwa.

Mkwe wangu, mke wa huyo mwanangu, ndiye aliyepata akili ya kompyuta. Yeye anachapa karatasi za mizigo kwenye ofisi ya mawakala mpakani, na alikuwa na kompyuta yake ya zamani ya kufunua, imekaa tu kabatini. Akaitoa, akaweka humo mchezo wa matunda. Kwenye kioo kuna miti, matunda yanaiva kwa zamu, na wewe unashika mausi, kile kidude cha kiganjani, unakwenda nacho mpaka kwenye tunda, unabonyeza kwa kidole, unalivuta hadi kwenye kapu bila kuachia. Ukiachia linaanguka linapasuka, na mashine inatoa sauti ya kukucheka. Ukimaliza inakuambia umechuma mangapi.

Siku ya kwanza nilichuma matatu. Nilitaka kuitupa nje. Mkwe akaniambia, "Mama, hata mimi siku ya kwanza kazini nilifuta karatasi za lori zima." Nikajaribu tena. Baada ya mwezi nilikuwa nachuma arobaini, kisha hamsini na kitu, mpaka siku moja sitini na tatu. Bega lilikuwa linauma, jasho linanitoka kama niliyepanda mlima na kuni, lakini kidole cha shahada kilikuwa kinashuka na kupanda kwa amri yangu. Mwanangu alipopiga simu kutoka Zambia nilimwambia sitini na tatu kabla hata hajaniamkia.

Sasa nieleze habari ya saa, maana bila hiyo hamtaelewa.

Hapa Tunduma saa haiaminiki. Ng'ambo ya mpaka wako nyuma yetu kwa saa moja, na simu ikidaka minara ya kule inajirudisha nyuma bila kumwomba mtu ruhusa. Watu wamezoea. Ukiuliza saa ngapi unajibiwa na swali: ya huku au ya kule? Hakuna anayeshangaa kuona saa ya uongo. Mimi dawa zangu ni saa mbili asubuhi na saa mbili usiku, na nilishawahi kumeza mara mbili kwa ajili ya simu hiyo hiyo. Halafu kuna hizi saa zinazoandika nane ikiwa ni saa mbili. Najua wengi mnazisoma bila taabu, mnaruka upande wa pili kama panzi. Mume wangu hakukubali. Saa yetu ya ukutani kule Igamba aliirekebisha mwenyewe, ikiwa saa mbili mkono ulikaa kwenye mbili, na watoto wote nimewakuza kwa saa hiyo.

Basi asubuhi moja nikiwa peke yangu, redio ikasema ni saa mbili kamili, na kompyuta kwenye kona yake ya chini imeandika nane. Nikasema leo nitainyoosha. Nikabonyeza pale kwenye kona, kikafunguka kijisanduku, ndani yake kijisanduku kingine, na vimishale viwili vidogo kama mbegu za mchicha, kimoja cha kupandisha kingine cha kushusha. Nilihangaika na vimishale hivyo mpaka chai ikapoa. Mausi ilinikimbia mara nyingi kuliko kuku wa mgeni. Lakini nilishusha, saba, sita, tano, mpaka mbili. Kwa mkono wa kulia, sikuusaidia na wa kushoto hata kidogo. Nikajisifu moyoni. Sikumwambia mtu, kwa sababu kunyoosha saa iliyopinda si habari ya kutangaza.

Kesho yake mchezo ukakataa kufunguka.

Nilibonyeza alama ya embe, ile ya kuufungulia, kama siku zote. Kioo kikawa cheusi. Katikati kikatokea kile kiduara kinachozunguka, kikazunguka, kikazunguka, kisha kikaja kibao cha kijivu chenye Kiingereza. Nikabonyeza tena, ikawa vilevile. Mkwe aliporudi kazini akanisomea: mchezo haukuweza kuanza, jaribu tena baadaye. Tukajaribu baadaye. Tukaizima, tukaiwasha. Tukaitoa betri, tukaiacha ipumue, tukairudisha. Akaniuliza kama kuna kitu nimegusa. Nikasema sijagusa kitu. Na kwa kweli mchezo sikuugusa.

Siku ya pili akasema tuufute tuuweke upya. Huo mchezo ni mzito, unashuka kutoka mtandaoni polepole kama maji ya bomba la mwisho wa mtaa, na ulikula bando lake la wiki nzima. Nilikaa mbele ya kile kistari kinachojaa, kuanzia asubuhi, kama mtu anayelinda chungu cha maharage. Kilipojaa nikaketi vizuri, nikashika mausi, nikabonyeza embe. Kiduara. Weusi. Kibao cha kijivu.

Mfanyakazi mwenzake akamwambia kwamba kompyuta imejaa, ndiyo maana. Tukapunguza. Akahamisha picha za harusi yake zote, akafuta na filamu zake za jioni, moja baada ya nyingine, mimi nikiangalia. Mchezo haukufunguka. Mwingine akasema ni virusi. Akaweka dawa ya virusi, ikapekua siku nzima ikapata viwili, ikaviua, tukafurahi. Mchezo haukufunguka. Kuna siku kiduara kilizunguka muda mrefu kuliko kawaida, hadi ikasikika sauti ya ule wimbo wake wa kuanzia, kidogo tu, nami nikaanza kunyoosha vidole. Kikaja kibao cha kijivu. Afadhali kingekuja haraka.

Mtaniuliza kwa nini nisichambue maharage. Nilichambua. Nilichambua mpaka jirani akadhani tunauza. Lakini maharage hayakuambii umefika wapi, wala hayakucheki ukiyaangusha, na nilijikuta kila mara nayamalizia kwa mkono wa kushoto bila kujijua. Ule mchezo ulikuwa haukubali mkono wa kushoto, maana mausi mkwe aliifunga kwa kamba fupi upande wa kulia makusudi. Wiki ya kwanza ikapita, ya pili ikapita. Kidole kidogo kikaanza kujikunja tena kuelekea kiganjani. Usiku nilikinyoosha, asubuhi nakikuta kimelala kimejikunja.

Mkwe akamleta fundi nyumbani. Kijana mwenye haraka, simu tatu, zote zinaita. Aliiangalia kompyuta amesimama wima, hakukubali hata kiti. Akaigeuza chini juu, akabonyeza hapa na pale, akasema tatizo ni mashine yenyewe.

"Hii imezeeka, bibi. Michezo ya siku hizi haiiwezi."

Nikamwambia, "Hata mimi nimezeeka. Lakini mwezi uliopita ilikuwa inaitwa inaitika. Imezeeka wiki hii?"

Akacheka, akasema wazee mna maneno. Akapokea simu, akaondoka. Nilibaki na hasira ambayo haikuwa na mahali pa kukaa, na hasira ya namna hiyo hutafuta mtu wa karibu.

Vibarua huwa wanaagizwa mapema. Siku chache baadaye shemeji yangu wa Igamba akapiga simu kwamba miti ya juu, ile inayopigwa na jua, imeanza kuwa myekundu, na anauliza aagize vibarua wangapi. Simu aliipokea mkwe. Nikamsikia akisema, "Subiri kwanza, baba, tutawajulisha." Sauti yake ilikuwa ya kawaida kabisa. Lakini mimi nilikuwa na wiki ya tatu ya kibao cha kijivu, na kichwani likaniingia wazo, nikaliona kama limeandikwa ukutani: kompyuta ni yake, mchezo kaweka yeye, anaujua kuufungua na anaujua kuufunga. Kazini anatoka asubuhi anarudi jioni. Nani anamlindia nyumba? Nani anapokea maji, nani anaanua nguo mvua ikija?

Nikamwambia. Alikuwa anakatakata mboga. Nikasema, "Sema tu hutaki niondoke. Ungesema siku ya kwanza ningekuelewa. Lakini kunifungia mkono wangu ndani ya mashine yako, hilo sikulitegemea."

Akaweka kisu chini. Akaniuliza, "Mimi, mama?"

Nikasema, "Kuna mwingine?"

Kwao ni Kigoma, na katika miaka yote niliyomjua hajawahi kunijibu vibaya, hata nilipostahili. Aliinama akaendelea na mboga. Tulikula, na mboga ilikuwa na chumvi ya kutosha kama siku zote, jambo lililoniudhi zaidi.

Asubuhi hakwenda kazini. Aliomba ruhusa kwa simu, akaiweka kompyuta kwenye begi, akanivalisha sweta, akaniambia twende mjini. Tukapanda bajaji. Njia nzima tulikaa kama abiria wawili wasiojuana. Malori yalikuwa yamejipanga barabarani kungoja mpaka, nikawa nayahesabu ili nisimtazame.

Alinipeleka kwa fundi mwingine; duka lake liko karibu na msikiti, dogo, limejaa chaja na makasha ya simu. Mwenyewe ni mtu mzima, mwenyeji wa Tanga, ndevu amezitia hina. Alisimama akaniamkia shikamoo vizuri, akanipa kiti chake mwenyewe, akauliza mkono una nini kabla ya kuuliza mashine ina nini. Nikamweleza yote. Mkwe akamweleza tulivyofuta, tulivyoweka, tulivyopunguza, tulivyoua virusi. Fundi alisikiliza huku anafungua na kufunga, akajaribu hiki na kile, na kile kibao cha kijivu kikaja pale dukani kwake pia, bila haya. Ikaenda saa nzima, ikaingia ya pili. Akakuna ndevu. Akasema ameona mengi, ila huu mchezo una kiburi.

Adhana ya adhuhuri ikaanza. Akasimama, akavaa kofia, akasema tumsubiri akaswali. Akainama kufunika mashine, mkono ukasita. Alitazama kwenye kona ya chini, akatazama nje kwenye jua, akatazama tena kwenye kona.

"Bibi, mimi naitwa kuswali adhuhuri. Mbona kompyuta yako inasema jua ndiyo kwanza linachomoza?"

Nikaangalia. Imeandika sita na hamsini. Nikamwambia iko sawasawa, si ni saa sita na dakika hamsini? Tena inakwenda na redio, haijapishana hata kidogo.

Akakaa tena. "Kwako wewe iko sawa. Kwa mashine, hiyo ni asubuhi mapema." Akaeleza taratibu, kama anayemweleza mama yake. Mchezo huu kabla haujafunguka unapiga hodi mtandaoni, na wa kule mtandaoni anauliza kwanza: kwenu sasa ni saa ngapi? Ukimtajia saa tofauti na anayoijua yeye, anakuona mwongo, hakufungulii. Alidhani betri ya ndani imekufa, lakini betri ikifa saa inakuwa ya ovyo kabisa, miaka ya nyuma huko. Hii imerudi nyuma saa sita kamili, hata dakika haijakosea. "Hii imerekebishwa na mtu," akasema, "na mtu huyo ana bidii."

Mkwe alinigeukia. Siwezi kusema alinitazamaje kwa sababu nilikuwa natazama makasha ya simu.

Nikasema, "Ni mimi."

"Kwa mkono upi?" fundi akauliza.

"Huu."

Akasema mashallah. Akabonyeza pale pale kwenye kona, haikumchukua hata muda wa kumeza mate, ile sita ikawa kumi na mbili, kama mashine inavyotaka. Akabonyeza embe. Wimbo ukalia duka zima, miti ikatokea, matunda yakaanza kuiva. Akaondoka kwenda kuswali, akatuacha sisi wawili na ule wimbo.

Wiki tatu. Bando, picha za harusi, filamu zake za jioni, ruhusa ya kazi. Na lile neno nililomwambia jikoni. Mimi mtu mzima, sikujua nianzie wapi. Nikamwambia kwamba zile picha za harusi tuzirudishe. Akasema atazirudisha. Nikasema, "Neno lile la jana lilikuwa la mkono, halikuwa la moyo. Mkono ulikuwa umenikasirisha." Akaanza kucheka, akajiziba mdomo na kitenge, akasema wiki zote tatu amekuwa akimwambia mume wake kwenye simu kwamba mashine imerogwa, na mchawi alikuwa anakunywa chai sebuleni. Nilimwacha acheke. Nilikuwa nastahili zaidi ya hapo.

Lakini kucheka hakurudishi vidole. Tuliporudi nikachuma. Kumi na tisa. Yalikuwa yanaanguka na kupasuka na mashine inanicheka, nami sikuwa na mtu wa kumlaumu, kitu kibaya kuliko vyote. Wiki nzima nilijitahidi nikafika thelathini na moja.

Mwanangu akarudi safari. Aliniomba nimshike kidole chake nikibane. Nikabana. Akauliza kama ndiyo nguvu yangu yote. Nikamwambia ndiyo yote, sikutaka kudanganya, nilikuwa nimeshachoka na mambo ya uongo na ukweli. Akatikisa kichwa, akasema basi mwaka huu tuwaachie vibarua, mwakani Mungu akipenda. Alisema kwa upole. Nikakubali kwa kichwa, maana mapatano ni mapatano.

Mkwe alikuwa amesimama mlangoni na sahani. Akasema, "Mpeleke mama kwake."

Mwanangu akamwambia mkono haujawa tayari. Akajibu, "Hautakuwa tayari hapa. Nimeuona mkono huu ukiwa na jambo lake. Ukiamua, unaweza. Hapa ndani hauna la kuamua." Mwanangu akamtazama mke wake, akanitazama mimi, akauliza kuna nini kimetokea akiwa safarini. Mkwe akampa ile sahani ashike, akaenda kufunga nguo zangu. Mpaka leo hajaambiwa yote.

Tulifika Igamba siku ya kwanza ya kuchuma. Sikuingia ndani hata kusalimia nyumba, nilipita moja kwa moja kwenye miti ya juu. Kuchuma kahawa si kuvuta, ni kuzungusha: unaishika ile nyekundu kwa gumba na shahada, unaizungusha kidogo, inakuachia yenyewe. Ya kwanza ikanitoka, ikaanguka kwenye majani. Ya pili ikaja pamoja na mbichi mbili. Ya tatu ikaja peke yake. Niliitia kwenye ndoo nikaisikia inavyogonga chini.

Mpaka mchana vibarua walikuwa wamejaza madebe. Mimi nilikuwa na nusu ya ndoo ndogo, na ndani yake mbichi hazikukosekana. Zamani mtu aliyeniletea ndoo ya namna ile nilikuwa namrudisha nyumbani kwao. Nilianza kuzitoa mbichi kwa mkono wa kushoto haraka haraka, ila mwanangu alikuwa ameshafika nyuma yangu. Aliangalia ndoo, akaangalia tawi nililokuwa nalo. Tawi halikuwa na mchubuko hata mmoja.

Akasema vibarua ataongeza wawili, kwa sababu kwa mwendo wangu kahawa itaozea mtini, na wao watachuma kuanzia safu ya tatu. Safu mbili za mwanzo wasiziguse. Nilitaka kubishana kuhusu safu ya tatu, nikaona bora ninyamaze, nikasogea mti unaofuata. Ninazo safu mbili, na msimu bado mrefu.